Ulimi Ulipogoma Katikati ya Ujumbe

Kama unasoma haya ukiwa kwenye benchi la kliniki ya presha, na kadi yako imewekwa chini kabisa ya rundo, basi tuna muda. Mimi nimekaa benchi hilo miezi kumi na minne. Najua ubao upi umelegea, na najua kwamba ukikaa karibu na dirisha utapata upepo lakini hutasikia jina lako likiitwa. Sitakueleza mishipa ya damu inavyofanya kazi. Mimi nilielezwa mara tatu na daktari mvumilivu, na mara zote tatu nilikuwa nautazama mdomo wake tu na kuuonea wivu jinsi unavyokwenda. Nitakueleza yaliyonipata, nawe uchukue linalokufaa.

Naitwa Mama Habona. Nina miaka arobaini na mitatu, nimezaliwa Ngao, naishi Garsen na mume wangu Buya, mwalimu wa gredi ya kwanza, na binti yetu Habona ambaye sasa ana miaka kumi na mitatu. Kwa miaka minane niliishi kwa mdomo wangu, na mdomo ndio uliogonjeka.

Kazi yangu ilikuwa malka. Malka ni njia ya ng'ombe kuteremkia mtoni kunywa maji, na inapita katikati ya mashamba. Kiangazi kikikaza, Waorma huleta mifugo kutoka nyikani, na sisi Wapokomo tuna migomba, mahindi na mpunga pande zote mbili za njia hiyo. Ng'ombe mwenye kiu hajui mpaka. Na mkulima naye, tusidanganyane, kila msimu husogeza mstari wake wa mahindi hatua mbili ndani ya njia. Shirika letu la kupatanisha wakulima na wafugaji liliniajiri nikae katikati. Nilikuwa natangaza mifugo ya nani itapita malka ipi na siku gani, ili wenye mashamba wawe macho na wachungaji wajue pa kupita. Nilitangaza kwa ujumbe wa sauti kwenye kundi la simu lenye wakulima na wafugaji pamoja, na kila ujumbe niliusema mara tatu: kwanza Kiorma, kisha Kipokomo, mwisho Kiswahili kwa wengine wote. Kiorma nilikipata utotoni, mama yangu alipokuwa akibadilishana ndizi kwa maziwa na majirani. Watu wanaozisema lugha zote mbili bila kubabaika si wengi, nami nililijua hilo na nikavimba kichwa.

Mwanzoni nilituma ujumbe mara mbili kwa wiki. Baadaye watu wakaanza kunipigia mmoja mmoja. Ng'ombe amekanyaga mihogo, piga Mama Habona. Mtu ameonekana na panga karibu na malka, piga Mama Habona. Nikawa naoga simu ikiwa kwenye kidirisha cha bafu. Nikawa na laini mbili, halafu simu mbili, halafu betri ya akiba mkobani. Mkurugenzi wetu, mama mmoja mpole, aliniambia mara mbili nichukue likizo. Nikamjibu nitachukua mvua ikinyesha. Mvua iliponyesha mto ukajaa, nikawa natangaza mafuriko.

Niliamini kwa dhati kwamba nikizima simu siku moja, damu itamwagika. Sikuwa najisifu, niliamini hivyo kama ninavyoamini jua litachomoza. Naomba ulishike hilo, kwa sababu huenda nawe unaamini jambo la namna hiyo kuhusu kazi yako.

Nyumbani mambo yalifika mahali pa kuchekesha. Buya aligundua kwamba akiniita simsikii, ila akinitumia ujumbe namjibu. Basi anakaa kiti cha pili, meza moja na mimi, ananiandikia: "Chakula tayari." Nami bila kuinua macho namjibu: "Sawa, asante kwa taarifa." Hayo ndiyo maneno niliyokuwa namjibu chifu. Habona alikuwa akicheka, na mimi nilidhani anacheka kwa sababu nyumba yetu ina raha.

Aliyeona kwanza kwamba sipo sawa hakuwa mtu wa nyumbani. Alikuwa Barisa, mfugaji mwenye ng'ombe wengi na maneno makali, ambaye wenzake wa nyikani humsikiliza. Waorma hawagusi jambo la kazi kabla ya kuulizana amani: amani ya watu, amani ya ng'ombe, ya malisho, ya watoto, ya mlikolala na mlikoamkia. Ni salamu ndefu, na mtu akiiruka wanajua ana hasira au ana jambo analificha. Zamani mimi na Barisa tulikuwa tunaamkuana hata nasahau nilimpigia kwa nini. Mwaka ule nikaanza kumkatiza. Nikawa namwambia, "Barisa, ng'ombe wangapi na siku gani?"

Siku moja akasema, "Mama Habona, siku hizi wewe naongea kama askari ya barabara. Mimi si lori."

Nikacheka, nikachukua idadi ya ng'ombe, nikakata simu.

Mwili nao ulikuwa umeshasema. Kichwa kiliniuma kisogoni kila asubuhi, masikio yakivuma, miguu ikivimba jioni hata viatu vikaacha alama. Nilikuwa nanunua dawa za maumivu dukani kama mtu anayenunua peremende. Kuna siku wauguzi walikuja kupima presha bure pale sokoni Garsen. Nesi alinifunga ule mkanda, akaangalia namba, akaufunga tena. Akasema, "Dada, kaa hapa usiondoke." Simu ikalia. Nikamwonyesha kidole kwamba nakuja, nikatoka nje kuongea, na sikurudi.

Ilikuwa mwezi wa pili, saa nane mchana, jua la kiangazi linawaka hata mbwa hawabweki. Mifugo ya watu watatu ilikuwa inateremkia malka moja kwa siku moja, na mmoja wa wenye mashamba alikuwa amefunga njia kwa miiba. Nilikuwa nyumbani nimesimama mlangoni, ambapo mtandao unashika. Nilibonyeza nikaanza kusema. Nilijisikia nasema vizuri kabisa. Naapa, ndani ya kichwa changu kila neno lilikuwa mahali pake. Nikatuma. Simu ikanidondoka, nikainama kuiokota, mkono wa kulia ukagoma kushika. Nilitazama vidole vyangu na simu pale chini, nikaona ni mambo ya ajabu lakini hayanihusu sana. Nikaketi kizingitini.

Buya alikuwa mezani akisahihisha madaftari ya watoto. Simu yake ikalia. Alikuwa Barisa, ambaye niliwahi kumpigia kwa simu ya Buya siku moja betri zangu zilipoisha, akaihifadhi namba. Mazungumzo yao nimesimuliwa mara nyingi, kwa hiyo nayajua.

"Mwalimu, mama iko wapi saa hii?"

"Yuko hapa, amekaa mlangoni."

"Angalia mdomo yake. Imeenda upande?"

Buya akanitazama. Akasema mdomo umeenda upande.

"Amechanganya lugha," Barisa akasema. "Ameanza Kiorma, akaingia Kipokomo, halafu akatoa maneno haiko ya mtu yeyote. Marehemu mama yangu ilianza hivyo hivyo. Sisi tukasema amechoka, tukamlaza. Mwalimu, usimlaze. Mtoe sasa."

Pale pale Buya akaita pikipiki ya jirani. Niliwekwa katikati, dereva mbele na Buya nyuma amenikumbatia, mguu wangu wa kulia ukining'inia na kukwaruza chini mpaka kiatu kikatoka. Tulikwenda hivyo mpaka Ngao. Nilikumbuka kitu kimoja tu njiani, kwamba sijatangaza ile sehemu ya Kiswahili.

Hospitalini nesi aliniuliza jina. Nililiona. Lilikuwa limesimama mbele yangu waziwazi, na nilipofungua mdomo ikatoka sauti moja ya puani na mate. Nikajaribu tena. Mate tu. Hapo ndipo niliposhikwa na hofu, na hofu ile sijui niieleze vipi kwa mtu ambaye hajapoteza jina lake mwenyewe. Presha ilikuwa mia mbili na kumi kwa mia moja na thelathini. Daktari alimwambia Buya kwamba ni kiharusi, kwamba tumefika mapema na maisha yangu hayapo hatarini kama ambavyo yangekuwa tungechelewa, kwamba mkono na mguu vina matumaini mazuri. Buya akauliza kuhusu kusema. Daktari akajibu kwamba hilo tungoje tuone.

Nililazwa siku tisa, kisha tukaenda Malindi kupigwa picha ya kichwa, kisha tukarudi nyumbani kungoja tuone.

Sasa nikwambie kuhusu mwili, kwa sababu wengine watakuficha. Nusu ya uso wangu ilishuka. Chai iliingia upande mmoja ikatokea upande wa pili. Jicho la kulia halikufumba, nikawa nalala limefunikwa kitambaa. Mguu uliburuta, mkono ukakaa mapajani kama wa mtu mwingine. Buya aliniogesha. Tumeishi pamoja miaka kumi na tisa, lakini kuogeshwa mchana kweupe na mtu ambaye hukumjibu kwa miaka ni jambo gumu. Alinisugua mgongo bila kusema kitu, na mimi sikuweza kusema kitu, tukawa sawa.

Jirani alikuja na mafuta akasema ni upepo mbaya uliopita mlangoni. Alinikanda shavu vizuri sana kwa siku nyingi, na mkono wake ulikuwa na joto, kwa hiyo sikubishana naye. Nisingeweza hata hivyo. Na Habona aliacha kuleta marafiki zake nyumbani. Hakusema kwa nini. Siku moja nilimwona kupitia pazia akiwarudisha wasichana wawili pale njiani, akiwaambia mama amesafiri. Nililia kwa jicho moja, maana lile la pili lilikuwa linatoa machozi saa zote.

Mtaalamu wa kufundisha watu kusema yuko mbali sana nasi, na miadi yake ya kwanza ilikuwa baada ya miezi miwili. Buya hakungoja. Jioni moja alirudi kutoka shuleni na ile chati ya silabi anayofundishia gredi ya kwanza, akaitundika ukutani juu ya televisheni. Ba, be, bi, bo, bu. Akachukua fimbo yake ya kuonyeshea, akasimama.

"Mama Habona," akasema, "tuanze."

Nilimtazama kwa chuki. Mimi niliyekuwa nasimama mbele ya machifu na wazee wa pande mbili, nianze na ba? Akangoja. Ana subira mbaya sana, subira ya mtu anayeshinda na watoto wa miaka sita. Nikasema "ba", na ikatoka "wa". Akasema, "Karibu. Tena." Tulikaa kwenye mstari ule wiki nzima.

Simu zangu alizifungia kwenye kabati la darasani kwake. Aliniambia hivyo uso kwa uso, kwamba daktari amesema utulivu na yeye atatii. Nikapiga meza kwa mkono wa kushoto. Hakutikisika. Moyoni nilikuwa nahesabu malka: ya juu imefunguliwa? Yule bwana wa miiba ametoa miiba? Nilikuwa na hakika kwamba huko nje watu wanauana na mume wangu ananificha.

Mvua za masika zilipoanza, mfugaji hana haja ya mto, nikatulia kidogo. Lakini sikuacha. Mwezi wa tano niliandika kwa mkono wa kushoto, herufi kubwa zilizopinda, neno SIMU, nikampa Habona. Alisoma, akanitazama muda mrefu. Sijui kwa nini alikubali. Nadhani alitaka mama wa zamani arudi, hata kama yule mama hakuwa akimwona. Kesho yake alimwambia baba yake amesahau daftari darasani kwake, akachukua ufunguo, akaniletea moja ya simu imefichwa kwenye sweta.

Nilingoja wote watoke. Nikaiwasha. Ikatetemeka mkononi bila kukoma, mamia ya ujumbe. Nikapandisha juu mpaka siku ile ya mwezi wa pili, nikaona yaliyoandikwa chini ya sauti yangu. "Madam leo amekunywa nini?" "Mke wa mwalimu huyu." Nyuso za kucheka zimepangwa mistari. Mmoja alisema nimedharau Waorma kwa kuiga lugha yao vibaya, mwingine akasema hapana, ni Wapokomo nimewadharau. Katikati ya yote hayo Barisa alikuwa ameandika kwa kifupi, "Mama ni mgonjwa. Anayecheka atoke hapa." Baada yake pole zikaanza kuja, nyingi, hata kutoka kwa waliocheka.

Kisha nikabonyeza nisikilize.

Ni sekunde arobaini na saba. Mwanzo ni mimi kabisa, Kiorma safi, kinakwenda mbio. Salamu hamna. Kwenye sekunde ya kumi na tano sauti inakuwa nzito. Maneno ya Kipokomo yanaingia. Halafu yanakuja yale ambayo Barisa alisema si ya mtu yeyote, na mimi naendelea nayo kwa ujasiri wote, naagiza, naonya, natoa siku na saa. Na nyuma yangu, mbali kidogo, kuna sauti ya mwanamume. Sikuitambua mara ya kwanza. Nikarudia. Ilikuwa sauti ya Buya kutoka mezani.

"Mama Habona, mkono wako unatetemeka. Weka simu. Mama Habona. Njoo ukae."

Na mimi, kwa ulimi ule ule ambao ulikuwa tayari hauwezi kusema jambo lolote, nikamwambia "shh". Hiyo ilitoka vizuri. Ndiyo sauti pekee iliyotoka vizuri katika nusu ya mwisho ya ujumbe ule. Nilisikiliza mara sita au saba, kisha kisogo kikaanza kuniuma, na Buya aliporudi alinikuta sakafuni nimeegemea kitanda, simu kifuani. Presha ilikuwa imerudi mia moja na tisini. Tukapanda pikipiki tena kwenda Ngao.

Siku nne nilizolazwa mara ile ya pili zilikuwa mbaya kuliko zile tisa za kwanza. Mvua ilinyesha juu ya mabati usiku na mchana. Buya alikuja, akakaa, akanilisha, hakuniuliza chochote kuhusu simu. Ukimya wake ulinitesa. Nilikuwa na neno moja la kumwambia na lilikuwa refu: samahani. Sa nilikuwa nayo. Ma nilikuwa nayo. Ile ha ilikuwa inanitoka kama kukohoa, na ni ikapotea puani. Nilifanya mazoezi nikiwa nimegeukia ukuta, nesi akidhani nasali. Siku ya nne Buya alipokuja na uji, nikamshika mkono nikalisema.

Akasikiliza. Akasema, "Silabi ya tatu. Toa pumzi zaidi."

Nikarudia. Akaitikia kwa kichwa, akageuka upande wa dirisha, mabega yakawa yanatikisika. Yule nesi alikuwa na kazi nyingi, lakini alichukua sinia lake akatoka wodini taratibu na kufunga mlango. Namshukuru mpaka leo.

Baada ya hapo mambo yalisogea, ingawa polepole. Nitakwambia tu yaliyonisaidia. Dawa nilizimeza saa ile ile kila siku, hata siku nilizojisikia mzima, hasa siku hizo. Maembe Habona aliyakata membamba, ndiyo niliyoweza kuyala bila aibu. Kliniki nilikwenda kila Jumanne ya kwanza ya mwezi, na kwenye benchi lile nikajifunza kuwaambia watu "ngoja". Ni neno fupi, anza nalo. Watu wakikuona unahangaika watakumalizia sentensi, kwa wema, nawe utazama ndani ya maneno yao. Waambie wangoje. Kuna mzee mmoja wa Chara tuliyekuwa tukikutana naye, naye aligonjeka upande wa kushoto, na tulikuwa tukizungumza sentensi nne asubuhi nzima, yake mbili na zangu mbili, na tukirudi makwetu tumeridhika.

Msimu wa vuli ulipoisha nilikuwa natembea bila fimbo. Kusema nilikuwa nasema, ila taratibu, na maneno marefu yalinibidi niyapande kama ngazi. Kipokomo kilirudi kwanza, Kiswahili kikafuata. Kiorma kilikawia. Hicho ndicho kilichoniuma, kwa sababu bila Kiorma mimi si Mama Habona wa malka.

Mkurugenzi alikuja nyumbani mwenyewe. Alikaa, akanywa chai, akanieleza kwamba wamewachukua vijana wawili, kijana Mpokomo na binti Muorma. Wanapeana zamu wiki kwa wiki, na simu ya malka inafungwa saa kumi na mbili jioni, jambo la dharura linakwenda kwa chifu. Akasema nafasi ipo kwangu nikiweza, ya kukaa ofisini na kuwashauri, siku mbili kwa wiki. Nilimsikiliza mpaka mwisho. Nikasema, "Watashindwa." Nilishangaa jinsi neno hilo lilivyotoka bila kukwama.

Kiangazi kikarudi. Naandika hili kwa aibu: nilitamani waharibikiwe kidogo. Sikutaka mtu aumie. Nilitaka tu ng'ombe mmoja aingie shamba moja, ili mtu aseme, mpigieni Mama Habona. Buya alikuwa amenirudishia simu moja, nami nikaiweka mezani mbele yangu siku ile mifugo ilipoanza kuteremka. Nilisikia kengele za ng'ombe kutoka uani kwetu. Niliona vumbi likipita. Simu ikakaa. Saa sita, saa nane, saa kumi. Nikahakikisha ina mtandao. Ilikuwa na mtandao wote. Siku ya pili vivyo hivyo. Siku ya tatu Habona aliniuliza kama simu imeharibika, nikamwambia hapana, ni nzima.

Miaka minane. Nilikuwa nimelipa nusu ya uso wangu kwa kitu ambacho vijana wawili wenye ratiba walikuwa wanakifanya kabla ya saa kumi na mbili jioni. Sikujua kama nifurahi. Nililia, kisha nikakasirika, kisha nikalala usingizi mzito mchana, jambo ambalo sijawahi kulifanya maishani.

Siku ya tano Barisa alibisha hodi. Alikuwa na kibuyu cha maziwa, na shuka lake lilikuwa jekundu kwa vumbi la safari. Buya alimkaribisha, akaingia jikoni kushughulikia chai. Nilijiweka sawa kitini. Nilidhani hatimaye kuna tatizo.

"Malka vipi?" nikamuuliza, nikitafuta maneno ya Kiorma moja moja. "Watoto... wameshindwa?"

"Malka ni salama," akasema. "Hao watoto wanajua. Sikuja kwa malka."

Akaketi, akaweka bakora yake chini, na akaanza tangu mwanzo. "Nagaa," akasema, yaani amani. Amani ya nyumba. Amani ya mwalimu. Amani ya binti. Nilimjibu polepole, na kila nilipokwama alitazama mikono yake, akangoja mpaka neno likafika. Hakunimalizia hata moja. Akauliza amani ya mguu, amani ya mkono, nikajibu. Nami nikamuuliza ya ng'ombe, ya malisho, ya wake zake, ya mtoto wake aliyeko shule ya Hola. Chai ikaletwa tungali kwenye salamu. Kisha akafika mwisho wa salamu, akaniuliza lile wanalouliza wakimaliza yote: "Na wewe mwenyewe, habari yako ni nini?"

Nikafungua mdomo, nikakaa kimya.

Buya alidhani ulimi umenikwama tena. Akainamia upande wangu apate kunipa silabi ya kwanza. Nikamwinulia mkono, ngoja. Haukuwa ulimi. Habari za mto nilikuwa nazo, za kliniki nilikuwa nazo, za vijana wa malka nilikuwa nazo. Yangu mwenyewe sikuijua, kwa sababu ilikuwa miaka mingi tangu mtu aulize na mimi nikae kitini mpaka nijibu. Barisa alitazama mikono yake. Hakuwa na haraka.

"Naogopa," nikasema. "Tangu siku ile. Kila nikifumba macho naogopa, na sijamwambia mtu."

Buya, aliyekuwa amerudia kumimina chai, aliliweka birika chini. Akavuta kiti chake, akaketi karibu yangu.